Anayeandika Dawa Anamwandikia Nani?

Mwaka 2026 ndio ambao Uingereza imeupanga uwe wa kwanza kwa mfamasia mpya kuingia kwenye rejista akiwa tayari ana haki ya kuandika dawa. Awali ilimlazimu asajiliwe, afanye kazi, kisha arudi darasani ndipo aombe haki hiyo. Wauguzi wa nchi hiyo walishaipata zamani, kwa safari ndefu nitakayoieleza mbele. Habari za aina hii zikifika kwetu, mjadala huwa ule ule. Upande mmoja hulalamika kwamba udaktari unagawiwa kama njugu. Upande wa pili hujibu kwamba haki imechelewa, kwa sababu wauguzi wanaijua kazi na wameifanya miaka yote. Pande zote mbili zinachukulia kwamba kinachogawiwa ni elimu au heshima, na hapo ndipo zinapopotea. Mamlaka ya kuandika dawa ni uwezo wa kisheria wa mtu mmoja kumwamuru mwingine kwa maandishi, akabaki na wajibu wa amri hiyo baada ya karatasi kuondoka mkononi mwake. Elimu ni sharti la kuyapata, lakini siyo mamlaka yenyewe. Asiyelishika hilo atabishana mwaka mzima kuhusu nani ana akili ya kutosha, na hatauliza hata mara moja amri inamfikia nani, imeandikwaje, na ikikosea nani anajibu.

Tuanze na kikaratasi chenyewe. Juu ya cheti cha dawa huwa kuna alama ya Rx. Maelezo yake yaliyozoeleka ni kwamba ni kifupi cha neno la Kilatini recipe, maana yake "chukua". Kitenzi kiko katika hali ya kuamuru, na anayeamriwa hapo ni mtu wa dirisha la dawa: chukua dawa hii, kiasi hiki, iandae hivi, mpe huyu. Mgonjwa haamriwi chochote. Anaweza kwenda nyumbani akaiweka dawa kabatini na sheria isimguse. Kiswahili kimelipanga jambo hili vizuri kuliko lugha nyingi. Tunasema "daktari ameniandikia dawa", na ile -ia iliyomo ndani ya "andikia" inamweka mgonjwa mahali pake, yaani mtu ambaye jambo linafanywa kwa ajili yake. Anayepokea amri hatajwi kabisa, na labda ndiyo sababu tunamsahau. Muuguzi anayemshauri mama mwenye homa anywe parasetamo hajaandika dawa kwa maana ninayoizungumzia, kwani parasetamo hata dukani inapatikana. Mamlaka yanaanza pale sheria ilipofunga kabati na kusema halifunguliwi ila kwa saini ya watu fulani. Swali la nani aandike dawa kwa hiyo ni swali la nani apewe ufunguo, wa kabati lipi, na kwa masharti gani.

Amri nzuri ina sehemu zake, na kila sehemu ipo kwa sababu kuna mtu aliwahi kudhurika ilipokosekana. Jina la mgonjwa na umri. Uzito kama ni mtoto, maana dozi ya mtoto hupigwa kwa kilo. Tarehe. Jina halisi la dawa, siyo la kampuni, kwa sababu dirishani huenda kuna chapa nyingine ya dawa ile ile. Aina yake, kidonge au maji, na nguvu yake. Kiasi cha kila dozi, njia ya kuitumia, mara ngapi, siku ngapi, jumla ya vidonge au mililita. Mwisho saini, jina linalosomeka na namba ya usajili. Makosa nayo yanajulikana kwa majina. Anayeandika "5.0" huku nukta haionekani amemwandikia mtu 50. Anayeandika ".5" bila sifuri mbele amemwandikia 5. Anayefupisha neno "yuniti" kwa herufi U kwenye insulini anaihatarisha ile U isomwe sifuri, na yuniti 6 zikawa 60. Katika haya yote, aliyeandika huenda alijua dawa barabara. Alichokosea ni kuandika, na kuandika ndiko kulikomfikia mfamasia.

Kuna kosa moja la kwetu ambalo halimo kwenye vitabu vya wengine, nalo ni la lugha. Kwenye bahasha za dawa tunaandika "1 x 3", na mtoa dawa anamsomea mgonjwa: "Kimoja, kutwa mara tatu." Kutwa ni mchana, tangu jua linapochomoza hadi linapotua, ndiyo maana tukitaka usiku uingie tunasema kutwa kucha. Mgonjwa anayekijua Kiswahili chake anatii alichoambiwa. Anameza saa 1 asubuhi, saa 7 mchana na saa 1 usiku. Nafasi zinakuwa saa 6, saa 6, kisha saa 12 nzima bila dawa. Kama dawa ni amoksilini, ambayo nguvu yake inategemea muda inaokaa mwilini juu ya kiwango cha kuua vijidudu, usiku mzima vijidudu vimepewa nafasi ya kupumua. Aliyeandika alitaka kila baada ya saa 8, yaani saa 12 asubuhi, saa 8 mchana na saa 4 usiku. Kwa dawa mseto ya malaria hatari ni ya namna nyingine: dozi ya pili inatakiwa saa 8 baada ya ile ya kwanza, kisha ndipo asubuhi na jioni kwa siku mbili zinazofuata, dozi 6 kwa jumla, vidonge 24 kwa mtu mzima. Bahasha ikisema "4 x 2" tu, aliyekunywa dozi ya kwanza saa 4 asubuhi hana njia ya kujua kwamba ya pili ni saa 12 jioni. Vituo vingi sasa vinaandika "kila baada ya saa 8", na vinafanya vyema. Nimelitaja mapema ili ionekane kwamba sarufi hapa si pambo. Anayeandika dawa anatunga sentensi, na sentensi ikiwa na mwanya, mgonjwa anatumbukia humo.

Waingereza wana neno moja, prescription, kwa mambo matatu: cheti cha dawa, haki inayopatikana kisheria kwa kupita muda, na kanuni za lugha zinazosema watu waandike hivi wasiandike vile. Kiswahili kinayatenganisha, lakini mzizi wa neno hilo unafundisha. Praescriptio ya Warumi ilikuwa ni maneno yaliyoandikwa mbele, mwanzoni mwa hati ya shauri, kumwelekeza mwamuzi kabla hajayagusa madai yenyewe. Praescriptio mojawapo ilimkinga mtu aliyekalia ardhi muda mrefu: miaka 10 kama yeye na mdai waliishi jimbo moja, miaka 20 kama waliishi majimbo tofauti. Ilianza kama kinga tu, baadaye ikakomaa ikawa haki. Wazo hilo tunalo hadi leo. Kenya ina Sheria ya Ukomo, Sura ya 22, na Tanzania ina yake, Sura ya 89. Zote mbili zinampa mwenye ardhi miaka 12 ya kudai kilicho chake, ikipita hivyo amechelewa. Ila muda peke yake hautoshi. Mapokeo ya sheria ya Kiingereza tuliyoyarithi yanataka ukaaji uwe bila nguvu, bila kificho na bila ruhusa. La tatu ndilo linalowashangaza watu wengi. Uliyekaribishwa shambani ukalima miaka 40 unabaki mwalikwa, na mahakama za Tanzania zimelisema hilo mara nyingi. Ruhusa inakulinda leo, na ruhusa hiyo hiyo inakuzuia usimiliki kesho.

Sasa tumtazame muuguzi kwa jicho hilo. Mwaka 1986 nchini Uingereza tume iliyoongozwa na Julia Cumberlege ilichunguza kazi ya wauguzi wanaowahudumia wagonjwa majumbani. Ilikuta muuguzi anakiona kidonda, anajua kinahitaji bandeji gani, kisha anapoteza saa nyingi kusubiri daktari asaini kitu ambacho daktari hajakiona. Nani hapo alikuwa anaandika dawa? Kwa vitendo ni muuguzi, kwa sheria ni daktari. Sheria ya kurekebisha hali hiyo ilipita mwaka 1992, majaribio yakaanza mwaka 1994 katika maeneo 8, kwa orodha fupi sana: vifaa vya vidonda, dawa za kulainisha choo, dawa za chawa na vitu vya namna hiyo. Orodha ilipanuliwa mwaka 2002. Mwaka 2006 wauguzi waliosomea kazi hiyo wakafunguliwa karibu kitabu chote cha dawa, na mwaka 2012 wakafikia hata nyingi za zile zenye udhibiti maalumu. Tangu ripoti hadi hapo ni miaka 26. Anayesema Uingereza iligawa haki hiyo ovyo hajaitazama kalenda.

Ndiyo maana hoja ya watetezi inayosikika sana, kwamba wauguzi wanaandika dawa tayari, basi waruhusiwe, naiona dhaifu kuliko zote upande wao. Ni hoja ya ukomo bila masharti yake. Muuguzi aliyebaki peke yake zahanati kwa sababu mganga mfawidhi ameitwa semina, akaandika dawa kwa miaka 20, hajaandika waziwazi kwa jina lake. Ameandika kwa kivuli cha mwingine, pengine kwenye vyeti vilivyosainiwa vikiwa vitupu. Ni mwalikwa. Siku mtoto akipata madhara, miaka ile 20 haimsaidii kitu. Itageuzwa kuwa ushahidi kwamba alivunja utaratibu mara nyingi. Na hata kama angeandika waziwazi, tiba si ardhi. Katika ardhi sheria inaridhia mazoea kwa sababu mwenye mali alinyamaza, na hasara ni yake. Katika dawa anayebeba hasara ni mgonjwa, ambaye hakunyamaza. Hakujua tu kwamba kuna la kusema. Mazoea ya muda mrefu yanaweza kuthibitisha kwamba hitaji lipo. Hayathibitishi kwamba dozi zilikuwa sahihi, maana hakuna aliyezihesabu.

Upande wa wapinzani nao wana hoja zao, nyingine nzito, nyingine hewa. Hewa kuliko zote ni ile ya kwamba haki hii ni ya daktari kwa asili, imo ndani ya shahada yake. Haimo. Aliyehitimu udaktari jana akiwa hajasajiliwa, saini yake dirishani haina thamani. Bingwa wa moyo wa Dar es Salaam akivuka mpaka wa Namanga kuingia Kenya hana haki ya kumwandikia mgonjwa wa Kajiado mpaka baraza la huko limkubali, ingawa moyo ni ule ule. Marekani wanaonyesha hili wazi zaidi, na wauguzi wengi wa Kikenya walioko huko wanalijua vizuri. Idaho ilitangulia mwaka 1971 kuwatambua kisheria wauguzi wa ngazi ya juu wanaopima na kutibu; Georgia ikawa jimbo la mwisho kuwapa haki ya kuandika dawa, mwaka 2006. Hadi leo masharti hayafanani. Muuguzi wa ngazi hiyo akiwa Las Cruces, jimbo la New Mexico, anaandika kwa jina lake mwenyewe. Akihamia El Paso, mwendo usiofika saa moja kwa gari, yuko Texas, na huko lazima awe na mkataba wa maandishi na daktari. Elimu yake haikumwagika njiani. Kilichobadilika ni nani amesimama nyuma ya amri yake. Kama elimu pekee ingekuwa ndiyo mamlaka, mipaka ya majimbo isingekuwa na maana yoyote.

Hoja nzito ni ya utambuzi wa ugonjwa. Wanasema kuandika ni hatua ya mwisho na nyepesi. Kazi ni kujua mtu anaumwa nini, na dozi safi ya dawa isiyohusika ni kosa tu lenye mwandiko mzuri. Hapo wako sahihi. Ndiyo sababu sehemu zilizofanikiwa hazikuanza na mlango wazi. Zilianza na mgonjwa ambaye ugonjwa wake umeshajulikana: kidonda kinachoonekana, presha iliyopimwa, virusi vya Ukimwi vilivyothibitishwa kwa kipimo. Afrika Kusini ilipanua mwaka 2010 utaratibu wa wauguzi kuwaanzishia wagonjwa dawa za kufubaza virusi, na jaribio lililofanywa katika kliniki 31 za jimbo la Free State, matokeo yake yakachapishwa mwaka 2012, lilikuta kwamba waliokuwa tayari kwenye dawa walidhibitiwa virusi na wauguzi sawa na walivyodhibitiwa na madaktari. Lakini vifo vya waliokuwa wakisubiri kuanzishiwa havikupungua kwa jumla kama ilivyotarajiwa. Katika kipindi cha jaribio jimbo lilipita miezi ambayo kuwaanzishia dawa wagonjwa wapya kulisimamishwa kwa uhaba wa fedha na dawa, na kalamu haijazi kabati. Mapitio makubwa ya mwaka 2016 yaliyokusanya tafiti 46 kuhusu wauguzi na wafamasia wanaoandika dawa yalipata matokeo yanayolingana na ya madaktari katika mambo kama presha, sukari na lehemu. Nyingi ya tafiti hizo zilikuwa za magonjwa ya kudumu, na za nchi tajiri. Anayezitumia kutetea muuguzi aandike chochote kwa mtoto mwenye homa isiyojulikana amezinyoosha kupita urefu wake.

Hoja ya usugu wa dawa ni ya kati. Kalamu zikiongezeka, antibayotiki zitaongezeka, wanasema. Ingekuwa kweli kama kalamu ndiyo mlango pekee. Kwetu dawa hizo zinatoka pia bila kalamu yoyote, na Tanzania ililikubali hilo ilipoanzisha maduka ya dawa muhimu, ikianzia Ruvuma mwaka 2003: muuzaji anapewa mafunzo ya wiki chache, na orodha maalumu ya dawa anazoruhusiwa, baadhi zikiwa antibayotiki. Huo ulikuwa uamuzi wa busara, na ni mamlaka yaliyokatwa kwa kipimo cha orodha. Muuguzi aliyesoma miaka kadhaa, akiandika kwa jina lake kwenye daftari linalokaguliwa, anaacha alama inayoweza kufuatwa. Nusu dozi inayouzwa kwa kukatwa na mkasi haiachi alama yoyote.

Mfano ninaouthamini kuliko yote uko karibu, Uganda. Chini ya sheria ya dawa ya nchi hiyo, morfini, dawa ya maumivu makali, ilikuwa ya kuandikwa na daktari, daktari wa meno au daktari wa mifugo. Fikiria uzito wa orodha hiyo: wa mifugo angeweza, muuguzi anayemtembelea mama mwenye saratani ya shingo ya kizazi kijijini hakuweza. Hospice Africa Uganda, shirika la kuwauguza wagonjwa wasiotarajiwa kupona, iliyoanzishwa Kampala mwaka 1993 na Anne Merriman, ilikuwa na dawa na wauguzi, ikikosa saini. Mwaka 2004 kanuni ikabadilishwa: muuguzi au tabibu aliyehitimu mafunzo maalumu ya tiba shufaa, yaani ya kutuliza mateso ya wagonjwa kama hao, ya miezi 9, anaweza kuandika morfini. Tazama jinsi ufunguo ulivyokatwa. Ni wa kabati moja, kwa wagonjwa wa aina moja, kwa watu waliopita darasa moja linalojulikana. Morfini yenyewe ni ya maji, hutengenezwa kwa unga na kutiwa rangi kulingana na nguvu yake: ya kijani ina miligramu 5 kwa kila mililita 5, ya waridi ina miligramu 50 kwa kiasi hicho hicho. Rangi hiyo si urembo. Kwenye chupa ya kijani miligramu na mililita ni namba ile ile, kwa hiyo anayeandika "5" bila kipimo bado atabahatika. Kwenye chupa ya waridi, "5" ya mililita ni dozi mara 10. Mgonjwa anaanzishiwa miligramu 2.5 hadi 5 kila baada ya saa 4: saa 12 asubuhi, saa 4, saa 8 mchana, saa 12 jioni, na saa 4 usiku dozi maradufu ili alale bila kuamshwa saa 8 usiku. Siku hiyo hiyo, kwenye karatasi hiyo hiyo, anaandikiwa dawa ya kulainisha choo. Morfini hufunga choo, na mgonjwa aliyefunga choo siku 6 ataiacha morfini arudi kwenye maumivu. Muuguzi anayeyajua haya yote anaijua amri yake mwanzo hadi mwisho. Hajawa daktari, wala hana haja ya kuwa.

Lugha ina la kutufundisha hapa pia. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na Kamati ya Lugha ikaanza kazi Januari 1930 ikihudumia Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Nguvu yake halisi haikuwa katika kuwaambia watu wa Mvita waseme vipi nyumbani kwao. Ilikuwa katika kuidhinisha vitabu vya shule: kitabu kisichopita mkononi mwake hakikuingia darasani. Amri ile ilimfikia mtu wa katikati, mchapaji na mwalimu, kama cheti kinavyomfikia mfamasia, na kwa njia hiyo ikashika. Linganisha na maneno yaliyotungwa baadaye bila mtu wa katikati wa kuyabeba. Kompyuta ilipewa "ngamizi" na "tarakilishi". La pili lina makao Kenya, hasa vitabuni, lakini dukani na ofisini watu wanasema kompyuta. BAKITA, Baraza la Kiswahili la Taifa la Tanzania, iliyoundwa kwa sheria mwaka 1967, ina mamlaka kamili ya kusanifu istilahi, ila istilahi isiyo na mwalimu, mhariri au mtangazaji wa kuipeleka inabaki kwenye orodha. Na mahali pengine matumizi yametangulia sheria kabisa. Kijijini kila aliyevaa koti jeupe zahanati anaitwa daktari, awe muuguzi, awe mhudumu. Wazungumzaji wamempa cheo. Sheria haijampa kinga. Pengo hilo kati ya jina na saini ndimo muuguzi anamofanyia kazi kila siku.

Yanayofuata kwetu yako wazi kiasi, ingawa si mepesi. Mwongozo wa matibabu wa Tanzania umezipanga dawa kwa ngazi: A zinapatikana hadi zahanati, B kituo cha afya, C hospitali ya wilaya, kisha D na S juu zaidi. Mpango huo unasema dawa ipi ikae wapi. Nani aiandike dawa hiyo ni swali jingine, na watunga kanuni wakidhani ngazi ya jengo inalijibu, muuguzi wa zahanati atabaki na kabati lililo mbele yake, wagonjwa mlangoni, na ufunguo ulio kwa mtu aliyeko mjini. Kanuni inayofaa itaje watu kwa mafunzo yao, itaje orodha kwa majina halisi ya dawa, itaje hali za mgonjwa zinazomlazimu mwandishi kusimama na kutoa rufaa, na iseme ni nani anayefungua daftari la vyeti kila mwezi kulikagua. Iseme pia mwajiri anasimama wapi muuguzi aliyefuata orodha anaposhtakiwa. Hili la mwisho huachwa mara nyingi kwa kuwa lina gharama, na likiachwa, wauguzi waangalifu watakataa kuandika, waandike wasio waangalifu. Mshahara nao. Kumwongezea mtu amri na lawama bila kumwongezea senti, kisha kuiita kupunguza gharama, ni kumfanya muuguzi alipie mfumo.

Mfamasia wa dirishani naye aandikwe ndani ya kanuni hiyo. Amri inamfikia yeye, kwa hiyo awe na orodha ya saini mezani, aijue saini ya nani inafungua dawa ipi, na awe na haki ya kukirudisha cheti bila kuitwa mkaidi. Akiona "5" pasipo miligramu wala mililita, karatasi irudi ilikotoka hata kama aliyeiandika ni mganga mkuu wa wilaya na foleni imefika getini.